Famau na Kazi Zote za Liwali

Hapo zamani, katika mji wa Tandazi, palikuwa na Liwali aliyependwa na watu wake mpaka wengine wakawapa watoto wao jina lake. Naye aliitwa Liwali Shekuwe. Ukitaka kujua sababu ya kupendwa kwake, yakupasa kwanza uujue mji ulivyokuwa kabla hajaja, maana ulikuwa mji wa aibu. Sokoni walilala mbuzi, na wachuuzi wakauza samaki juani kando ya mbuzi hao. Chuo cha watoto kilikuwa na kuta bila dari, ikawa mvua ikinyesha mwalimu hufunga juzuu yake na kuwa wa kwanza kukimbia. Njia zilikuwa mashimo matupu. Maliwali waliotangulia walipokea kodi, wakala, wakanenepa, wakafa, na watu wakapata taabu kuwazika kwa kuwa hata njia ya makaburini haikupitika.

Basi alipokuja Liwali Shekuwe, siku ile ile alivua joho, akapandisha kanzu yake mpaka magotini, akaingia kwenye tanuu la chokaa kuchochea moto pamoja na watu. Haukupita muda mrefu soko likapata paa, chuo kikapata dari, njia zikafukiwa na kutandazwa mawe, na kwenye pembe za mitaa zikawashwa taa. Watu waliokuwa wamehama wakaanza kurudi, nao walioukana mji wao ugenini wakaanza kujidai ni wa Tandazi tangu babu na babu. Wanawake walipopiga sakafu kwa vigongo vyao walimwimba, naye akipita huwacheka na kuwatupia halua.

Lakini Liwali huyu mwema alikuwa na mkono mrefu. Mimi siwezi kumficha, kwa sababu hata yeye hakujificha sana. Mawe ya mji yalishushwa bandarini mengi, yakapita njia ya kilimani ilipo nyumba yake, yakafika yaendako yakiwa yamepungua. Boriti nazo zilikuwa hivyo, na taa, na vigae, na mbao za mivule. Ndiyo maana soko lilikuwa na paa pande tatu tu, upande wa nne ukaezekwa makuti. Watu waliona, wakanong'ona, kisha wakasema, "Anakula, naam, lakini anakula huku akijenga. Wale wa kwanza walikula tu." Na walipokwisha kusema hivyo walijiona wamelimaliza jambo.

Sasa, palikuwa na desturi moja katika mji ule. Kila mtaa ulikuwa na ganda lake la pwani. Sokoni walikuwa na simbi, Chuoni walikuwa na kome, Kichangani walikuwa na chaza, na kadhalika. Kila jiwe au boriti iliyotengwa kwa kazi ya mtaa fulani, wazee wa mtaa waliigandishia ganda lao kwa chokaa, wakaisomea, ili kitu cha watu kisipotee. Na iliaminika kwamba mtu akilibandua ganda lile mkono wake hukauka. Kwa hiyo hapakuwa na fundi aliyethubutu kulibandua, hata afanyaye kazi nyumbani kwa Liwali. Mafundi walipomuuliza, "Bwana, haya maganda tuyafanyeje?" Liwali alisema, "Yaacheni, yanapendeza." Hakuona hatari yoyote, kwani kwa desturi ya mji ule mwanamume mgeni hapiti baraza ya nje, na huko ndani huingia wenye nyumba, mafundi wake na wanawake tu.

Katika mtaa wa Kichangani, juu ya kilima kidogo walichokiita kichuguu, kilichoinuka kuliko mitaa yote, kilikuwapo kibanda cha mtu mmoja fukara jina lake Famau. Wengine walimwita mjinga, wengine walimwita mjanja, na mkewe Mwanashehe alimwita majina yote mawili kwa siku moja. Kazi yake ilikuwa kuchekesha watu kwenye arusi na kula kilichobaki. Mali yao ilikuwa kibanda kile na kuku mmoja aliyetaga alipojisikia. Mtaa wao ulikuwa na taabu ya maji. Liwali alikuwa amewaahidi birika kubwa la kukinga mvua, wakachimba shimo kwa mikono yao, mawe yakaja yakitiwa chaza, halafu mawe yakaishia njiani. Shimo likabaki shimo, na Mwanashehe akaendelea kufuata maji kisima cha mbali, ndoo kichwani, asubuhi na jioni.

Ikawa siku moja habari zikafika kwamba Sultani anamtuma Waziri wake Msellem kuzikagua kazi za Liwali Shekuwe, na akiridhika nazo atamvika joho la heshima, na mji utaitwa kwa jina lake daima. Liwali akafurahi furaha kubwa, kisha akaingiwa na wasiwasi. Waziri Msellem alikuwa mtu mzee, mnene, mwenye magoti mabovu, naye alikwisha kutanguliza salamu akisema, "Sitazunguka juani wala sitapanda ngazi. Nionyesheni kila kitu nikiwa mahali pamoja."

Liwali akafikiri, akaita mafundi, akasema, "Tutajenga mnara mrefu pale kwenye kichuguu cha Kichangani. Waziri tutamtia katika kapu kubwa, tumvute kwa kamba mpaka juu, na kutoka huko atauona mji wote kwa mtupo mmoja wa jicho. Hicho kibanda kilichopo, kibomoeni kesho."

Basi Famau alipoambiwa habari ile hakucheka, jambo lililowatisha majirani. Akatia ndala zake miguuni akapanda kilimani, akamkuta Liwali barazani pake amezungukwa na watu wakubwa wa mji, wanakunywa kahawa.

"Masalkheri, Bwana Liwali, Mungu akuzidishie," akasema.

"Akheri, Famau. Umekuja kutuchekesha?"

"La, bwana. Leo nimekuja kuuliza swali. Ikiwa kamba itakatika Waziri akiwa nusu ya njia, tutamzika sisi au tutampeleka kwa Sultani vile vile ndani ya kapu?"

Watu wakainamisha nyuso katika vikombe vyao. Liwali akakunja uso, maana yeye mwenyewe jana usiku alikuwa ameota kapu lile.

"Wataka kusema nini, ewe Famau?"

"Nataka kusema, bwana, kwamba nyumba yangu ni mbovu, lakini mimi na mke wangu hatuna nyingine, na tukifukuzwa pale tutalala na mbuzi, nao mbuzi uliwafukuza sokoni. Uniachie kibanda changu. Nami nitamwonyesha Waziri kazi zako zote akiwa mahali pamoja, ameketi kitini, wala hapandi ngazi, wala hapigwi jua."

"Zote?"

"Zote."

Liwali akacheka, akawatazama wenzake. "Haya. Lakini sikiliza masharti yangu. Isikosekane hata kazi moja. Na siku hiyo, ulimi wako naujua, usitamke neno baya juu yangu hata moja. Ukishindwa, kibanda kitabomolewa na wewe na mkeo mtahama Tandazi."

"Nimekubali, bwana. Nami nina sharti langu. Mahali nitakapochagua, asinizuie mtu, hata wewe mwenyewe."

"Asikuzuie mtu, hata mimi," akasema Liwali, na wote waliokuwapo wakashuhudia.

Famau akateremka kilima akijipongeza, na alipofika chini akakumbuka kwamba hana hila yoyote. Alikuwa amesema yale kwa sababu ya hofu tu, kama alivyozoea kusema kwanza na kufikiri baadaye. Alipoingia nyumbani akamkuta Mwanashehe anashusha ndoo, naye akamweleza yote, mwanzo hata mwisho.

Mwanashehe akaketi juu ya kinu. "Kwa hiyo umeweka nyumba yangu rehani, bwana, na huna la kufanya."

"Nilidhani wewe utakuwa nalo."

Mwanashehe akamtazama mumewe, akaanza kucheka, akacheka mpaka kuku akatoka nje. "Enyi wanaume wa Tandazi," akasema, "mnakaa barazani kwa Liwali kila jioni mkiinywa kahawa yake, wala hamjui nyuma yenu kuna nini. Sisi wanawake tuliingia ndani kwenye arusi ya binti yake. Ukitaka kuona kazi za Liwali, ziko kule. Nguzo za ukumbini zina simbi za Sokoni. Dari ya chumba cha kulala ina kome wa Chuoni. Taa ambazo hatukupata ziko ujiani, zinawaka mchana."

"Na hukuniambia?"

"Uliniuliza? Ulitaka kujua pilau lilikuwaje tu." Hapo kicheko kikamtoka usoni. "Na huko nyuma, uani, lipo birika. Zuri, kubwa, limejaa maji hadi ukingoni, na kila jiwe lake lina chaza. Liwali huogea humo. Mimi niliosha miguu yangu katika birika letu, Famau, kisha nikarudi nyumbani nikachukua ndoo nikaenda kisimani."

 Famau alikuwa mtu wa mzaha tangu utoto wake, lakini alipoitazama ile ndoo, na shingo ya mkewe iliyoibeba miaka yote ile, hasira ilimpanda hata akashindwa kukaa. Akatoka nje akazunguka kibanda chake, na aliporudi ndani alikuwa anatabasamu tena.

Basi Waziri Msellem akawasili, ngoma zikapigwa, vigelegele vikapaa. Akaketishwa katika kiti chenye mikono, na mahamali wenye nguvu wakakibeba kiti mabegani. Famau akatangulia mbele amevaa kanzu ya kuazima iliyomfika magotini, na Liwali Shekuwe akafuata kando katika joho lake, na watu wa mji wote nyuma. Wanawake wa nyumba ya Liwali hawakuwamo ndani siku ile, kwani Mwanashehe alikuwa amewaalika nyumba ya jirani, dirishani, wautazame msafara kwa raha.

Wakapita bandarini, Liwali akingoja kuona mjinga atageukia wapi. Famau akageukia njia ya kilimani.

Liwali akamsogelea, akamwambia kwa sauti ya chini, "Famau, huku ni kwangu."

"Ndiyo, bwana."

"Kwangu hakuna kitu cha kuona."

"Usijidharau, bwana," akasema Famau, kwa sauti iliyofika nyuma ya msafara. "Umeapa kwamba hutanizuia."

Liwali akawatazama wale wakubwa waliokunywa kahawa yake siku ile, na wote wakawa wanatazama mbingu. Kiti kikavuka baraza, kikavuka mlango, kikatuliwa katikati ya ukumbi penye kivuli na upepo. Waziri akashusha pumzi, akasema, "Mahali hapa pazuri. Sasa nionyesheni mji."

Famau akainama mpaka chini. "Ewe Waziri, huu hapa. Hii nguzo iliyo nyuma yako ni soko letu. Tazama simbi. Ni soko lisilo na mfano, nalo lina upande mmoja kule chini umeezekwa makuti, kwa kuwa upande huu wake umeletwa hapa usinyeshewe."

Waziri akageuza shingo akaitazama ile nguzo.

"Na kule chumbani, bwana, mlango u wazi, tazama dari, ni chuo cha watoto wetu. Ona kome. Liwali wetu anapenda elimu hata analala chini yake. Na zile ni taa za mtaa wa Bandarini. Watu wa Bandarini huenda gizani kwa furaha, wakijua taa zao zimepata mahali pa amani. Na hiki kizingiti ni cha daraja, na ngazi hii ni ya soko la samaki, na ukiinusa utathibitisha."

Ikawa kila Famau anapotaja kitu, watu waliojisonga mlangoni wanachungulia, na kila mtu anatafuta ganda la mtaa wake. Mara ikasikika sauti ya mzee mmoja ikisema, "Aisee, lile ni dirisha letu." Na mwingine, "Mbona letu lina mapazia?" Liwali Shekuwe akawa anajipangusa jasho kwa ncha ya kilemba. Alikuwa ameyatazama maganda yale miaka mingi, na siku ile ndiyo mara ya kwanza alipoyaona.

"Niambie, ewe mtu," akasema Waziri, naye ametulia tuli, "unamsemaje Liwali wako?"

"Namsema vizuri, bwana. Ni mtu aupendaye mji wake kiasi ambacho hawezi kulala mbali nao."

Midomo ya Waziri ikacheza kidogo. "Na je, nimekwisha kuona yote?"

"Bado moja," akasema Famau.

Mahamali wakakiinua kiti wakakipeleka uani. Hapo palikuwa na birika, maji yake yametulia, na chaza zinang'aa kutoka chini hadi juu. Famau akainama, akagusa chaza moja ukingoni. 

"Hili ni birika la Kichangani, mtaa wangu mimi," akasema polepole. "Katika kazi zote za Liwali, bwana, hii ndiyo pekee iliyo hapa nzima, haikupungua kitu. Sisi kule tuna shimo lake."

"Hilo ni neno baya," akasema Liwali kwa haraka. "Amevunja sharti. Waziri, huyu alikubali asiseme neno baya juu yangu."

Waziri akamgeukia. "Nami nimesikiliza kwa makini, Liwali. Tangu tumeingia sijasikia ila sifa. Lipi katika aliyoyasema ni baya?"

Liwali akafikiri. Akaona kwamba akilitaja, atakuwa amelisema yeye mwenyewe.  Na hapo Waziri Msellem akashindwa kujizuia, akacheka, tumbo likatikisika, kiti kikalia, kilemba kikamwangukia magotini, naye akaendelea kucheka huku anakitafuta. Watu mlangoni nao wakacheka. Wa mwisho kucheka alikuwa Liwali Shekuwe, kidogo, kwa aibu, kama mtu aliyekutwa jikoni na kifuniko cha sufuria mkononi.

Waziri alipokwisha kujifunga kilemba chake, uso wake ukabadilika. "Nimekuja na joho," akasema, "na pia nimekuja na pingu. Sultani aliniambia nitumie kimoja. Semeni, watu wa Tandazi, nitumie kipi?"

 Yule mzee wa dirisha akasema, "Bwana, usimchukue. Sisi tulimwona akibeba mawe begani kwake. Ni kweli mengine aliyabeba mpaka huku, lakini na yale ya kwetu alibeba yeye. Tukiletewa mwingine, labda habebi kabisa." Wengine wakaitikia, "Kweli," hata wale wa Bandarini waliokwenda gizani kwa furaha.

Waziri akamwuliza Famau, "Na wewe wasemaje?"

Famau akatazama yale maji. "Mimi nataka birika letu tu, bwana. Yeye mnaweza kutuachia."

Basi hukumu ikawa hivi. Liwali abaki kuwa Liwali, lakini kila kilicho na ganda kirudi kwenye mtaa wake, naye akibebe kwa mabega yake pamoja na mafundi. Ikawa nyumba ya kilimani ikaanza kushuka kidogo kidogo. Nguzo zikaenda sokoni, boriti za dari zikaenda chuoni, taa zikaenda Bandarini, ngazi ikarudi kwa samaki, na mawe ya birika yakashuka kwenye shimo lake Kichangani. Kilipokwisha kuondolewa kila chenye ganda, pakabaki baraza ya nje peke yake, ambayo Liwali alirithi kwa baba yake, imesimama juu ya kilima haina nyumba nyuma yake. Waziri, aliyengoja hadi mwisho, akatazama mji uliokamilika, akasema sasa ameridhika, akamvika Liwali lile joho. Jina la mji hakulibadilisha.

Liwali akawa hana pa kulala. Famau akamwonyesha mahali kwenye kichuguu cha Kichangani, kando ya kibanda chake, naye akajijengea kibanda cha udongo kwa mikono yake. Kutoka hapo, akitoka nje asubuhi, aliuona mji wote kwa mtupo mmoja wa jicho, tena bila kapu.

Asubuhi moja, baada ya mvua za kwanza kulijaza birika la Kichangani, Liwali Shekuwe aliteremka akiwa na kiu, amechafuka chokaa mwili mzima kwa kazi ya kurekebisha njia. Akamkuta Mwanashehe ukingoni. Ndoo yake ilikuwa chini, na kichwa chake hakikuwa na kata ya nguo ya kubebea.

"Mama," akasema Liwali, "naomba maji."

Mwanashehe akachota kwa kifuu, akampa kwa mikono miwili kama apewavyo mtu mkubwa. "Kunywa, Bwana Liwali. Wewe ndiye uliyetuletea mawe haya. Mara mbili."

Liwali akanywa, akarudisha kifuu, akatazama maji kwa macho ya mtu anayetaka zaidi.

"Chota tena," akasema Mwanashehe. "Ila mara hii chota ya kunywa tu."

Liwali akacheka kwa moyo wake wote, akachota, akanywa, akarudi kazini. Nami nimewaacha hapo ukingoni, na aliyekauka koo kwa kunisikiliza, njia ya birikani ni ile pale.